Shauri la baba mdogo limefutwa kwa kutohudhuria, wakili alimwambia "usije, itaahirishwa tu". Tunaanzia wapi?

Mtoto wa Rufiji

Wakuu habari za jioni. Naomba mawazo yenu, hasa wanasheria na mliowahi kupita njia hii.

Baba mdogo wangu anauza mbao. Mwaka 2021 alimkopesha mkandarasi mmoja mzigo wa mbao na nguzo, thamani yake shilingi milioni 46. Waliandikishana vizuri tu. Jamaa akalipa kidogo mwanzoni, halafu kimya. Simu hapokei, ukienda ofisini bosi yuko saiti. Mzee akaona isiwe tabu, akaweka wakili na kufungua shauri la madai mahakama ya wilaya. Mdaiwa akaja na wakili wake, akaleta utetezi wa maandishi, usuluhishi ukashindikana, shauri likapangiwa tarehe ya kusikilizwa.

Siku mbili kabla, wakili wetu akampigia mzee: "Usije, nina shauri Mahakama Kuu siku hiyo, nitamtuma wakili kijana anishikie nafasi, litaahirishwa tu." Mzee akabaki nyumbani. Kijana akafika amechelewa. Kufika anaambiwa shauri lilishaitwa, upande wa mdaiwa ulikuwepo, mdai hayupo, wakili wake hayupo, limefutwa na mdai alipe gharama.

Wakili anasema "usijali, tutalirudisha", lakini wiki zinakatika na hatuoni karatasi. Mzee sasa anataka afungue shauri jipya kwa wakili mwingine. Inawezekana? Au ndiyo hela imeenda hivyo?

Fundi Seremala

Pole kwa mzee. Naweka kambi hapa, na mimi nina la kwangu linafanana.

Mwanasheria wa Mtaani

Dogo usihangaike. Shauri likifutwa bila kusikilizwa ushahidi, maana yake halijaamuliwa. Unafungua upya, unalipia ada, mnaendelea. Madai ya mkataba yana miaka 6, hilo ni la 2021, mko ndani ya muda. Mwambie mzee atafute wakili makini, yamalizike.

Bi Mkubwa Tandika

Mawakili wengine nao. Hela ya kuanzia anaitaka taslimu, kufika mahakamani anatuma kijana.

Joho Jeusi

Mtoto wa Rufiji, usifuate ushauri wa hapo juu wa kufungua upya. Mzee akiufuata ataliwa mara mbili. Nitaandika kirefu kidogo, mnivumilie.

Swali la kwanza siku shauri linapofutwa ni hili: nani alikuwepo siku ile? Majibu yote yanatoka hapo.

Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, ina Amri ya 9 inayohusu kuhudhuria na kutohudhuria. Namba za kanuni zake zilisogezwa na marekebisho ya 2019, kwa hiyo ukisoma hukumu za zamani utakuta kanuni ya 8 na ya 9 zikitajwa kwa mambo ambayo leo yako kwenye namba nyingine. Angalia toleo kabla hujanakili. Yaliyomo hayajabadilika sana:

Wote wawili wasipotokea, mdai wala mdaiwa, mahakama inaweza kulifuta. Hapo mdai ana njia mbili: kuomba lirejeshwe, au kufungua shauri jipya ilimradi ukomo wa muda haujampita. Mwanasheria wa Mtaani alichokisema ni sahihi kwa hali hii, na kwa hali hii tu.

Mdaiwa akitokea peke yake, mdai hayupo, mahakama inalifuta shauri, isipokuwa kama mdaiwa amekiri deni lote au sehemu yake. Akikiri, mdai anapewa hukumu kwa kile kilichokiriwa hata kama hayupo. Hakukiri, limefutwa. Na hapa sheria inasema wazi kwamba mdai amezuiwa kufungua shauri jipya kwa madai yale yale. Njia aliyobakiwa nayo ni kurudi mahakama ile ile kuomba amri ya kulifuta itenguliwe na shauri lirejeshwe, kwa kueleza sababu ya msingi iliyomfanya asifike.

Mdai akitokea peke yake, na ikathibitika mdaiwa alipata wito, mdai anaruhusiwa kuthibitisha madai yake upande mmoja.

Baba mdogo yuko kwenye hali ya pili. Akifungua upya, wakili wa mkandarasi ataweka pingamizi la awali, na halitachukua hata nusu saa kukubaliwa. Wakati huo siku za kuomba marejesho zitakuwa zimeshapita.

Siku zenyewe ni 30 tangu tarehe ya amri, kwa mujibu wa jedwali la Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89. Limefutwa lini hasa? Jibu hili kwanza kabla ya mengine yote.

Mtoto wa Rufiji

Mkuu Joho Jeusi asante sana. Ni kama wiki tatu sasa. Kwa hiyo bado tumo?

Joho Jeusi

Mmo, kwa shida. Kesho asubuhi mzee aende mwenyewe masijala na kitambulisho chake, aombe kuona jalada na aandike barua ya kuomba nakala ya amri na mwenendo (kumbukumbu za yaliyoandikwa mahakamani) wa siku hiyo. Asimsubiri wakili. Shauri ni lake, wakili ni mwakilishi tu.

Mwanasheria wa Mtaani

Sawa mkuu nimekuelewa kwa hilo la kufungua upya. Lakini kosa ni la wakili, mteja anaadhibiwa kwa lipi? Mahakama zetu sasa zina kanuni ya oksijeni, yaani kutazama haki yenyewe kuliko makosa ya utaratibu, na Katiba ibara ya 107A inasema haki itendeke bila kufungwa na masharti ya kiufundi kupita kiasi. Hakimu yeyote muungwana atalirudisha.

Joho Jeusi

Kanuni ya oksijeni iliingizwa kwenye Sura ya 33 mwaka 2018, na mwaka ule ule, kwenye rufaa ya Halmashauri ya Kijiji cha Mondorosi dhidi ya kampuni ya bia, Mahakama ya Rufani ikasema haiwezi kutumiwa kuziruka kanuni za lazima za mwenendo. Halafu soma ibara ya 107A yote. Kuna aya ya (e) unayoisema, lakini kuna na aya ya (b): kutochelewesha haki bila sababu ya msingi. Wakili wa mkandarasi atasimama na hiyo (b).

Kuhusu kosa la wakili, kuna maamuzi ya pande zote. Msimamo wa jumla ni kwamba uzembe wa wakili si sababu ya msingi. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani ilisema mtu anayeweka wakili ana wajibu wa kufuatilia maendeleo ya shauri lake, na aliyemtupia wakili shauri kisha akakaa kimya hawezi kuja kulalamika. Lakini mahakama hiyo hiyo imewahi kukubali kwamba mazingira yakiangaliwa kwa ujumla, kosa dogo la wakili linaweza kusamehewa kama mteja mwenyewe si mzembe. Kwa hiyo kiapo cha mzee, yaani maelezo ya maandishi atakayoyaapia, kisilie tu kwamba "wakili aliniambia". Kioneshe kwamba tarehe zote za nyuma alikuwepo, kwamba alikuwa na mashahidi tayari, kwamba alipopata habari alichukua hatua siku hiyo hiyo. Alikuwa anahudhuria?

Mtoto wa Rufiji

Tarehe zote. Hata za kutajwa tu, zile za kupanga mambo bila kusikiliza ushahidi, alikuwa anapanda basi alfajiri. Hii moja ndiyo alikatazwa na wakili.

Joho Jeusi

Basi hilo ni la kwanza kwenye kiapo. Na liko kwenye jalada, maana hakimu anaandika mahudhurio kila siku.

Karani Mstaafu

Nimefanya kazi masijala miaka mingi, nitie neno kidogo kuhusu yanayotokea siku yenyewe, kwa sababu watu wengi hawayajui.

Orodha ya mashauri ya siku inabandikwa ubaoni asubuhi. Saa tatu hakimu anaanza. Karani anatoka mlangoni anaita majina kwenye korido, kwa sauti, mara tatu. Hakuna aliyeitika, anarudi ndani anasema hakuna mtu. Hakimu mwenye huruma, au mwenye siku nyepesi, anaweza kusema "liweke pembeni, tutaliita tena saa nne". Mwenye mashauri kumi na tano mezani haweki pembeni. Anaandika mistari minne mitano: Mdai, hayupo. Wakili wa mdai, hayupo. Wakili wa mdaiwa, yupo. Wakili wa mdaiwa anasema shauri limekuja kusikilizwa, mdai hayupo na hakuna taarifa, anaomba lifutwe na gharama. Amri: linafutwa kwa mdai kutohudhuria. Sahihi, tarehe. Dakika tatu, na mtu kaingia ndani ya geti wakati wino haujakauka.

Sasa kwenye kesi ya huyu kijana aliyechelewa kuna jambo watu wanalisahau. Alipofika alifanya nini? Kama aliingia kwa hakimu akajitambulisha na kueleza, pengine kuna maandishi. Kama aliishia kwa karani akaambiwa "limeshafutwa" akageuka akapanda bodaboda, hakuna kumbukumbu yoyote kwamba alifika. Tofauti yake ni kubwa.

Joho Jeusi

Karani Mstaafu umemaliza. Na hapo hapo nishushe nondo moja inayowaangusha wengi.

Kwenye kiapo huwezi kusema "kijana alifika saa tatu na nusu akaambiwa na karani limefutwa" halafu ukaapa peke yako. Mzee hakuwepo, hayo kayasikia. Kila mtu unayemtaja kwenye kiapo kama chanzo cha taarifa, naye anatakiwa aape kiapo chake, vinginevyo maelezo yake ni ya kusikia na yatawekwa kando. Hili lilisemwa na Mahakama ya Rufani kwenye shauri la benki ya NBC na kampuni ya Superdoll, maombi ya mwaka 2002, na limerudiwa mara nyingi tangu hapo. Kwa hiyo mnahitaji viapo vitatu: cha mzee, cha wakili mwenyewe, cha kijana aliyechelewa. Na cha karani kama atatajwa.

Wakili anasema alikuwa Mahakama Kuu. Sababu hiyo ni nzuri, maana mahakama ya juu inatangulizwa, lakini ithibitishwe. Aambatanishe wito wa Mahakama Kuu wenye tarehe hiyo, au orodha ya mashauri ya siku hiyo, au nakala ya mwenendo inayoonesha jina lake kwenye mahudhurio. Pia aeleze kwa nini hakuandika barua mapema kwa hakimu na nakala kwa wakili mwenzake. Barua haigharimu kitu. Wakili akijua tangu Jumatatu kwamba Jumatano atakuwa kwingine na asiandike hata mstari mmoja, hakimu atauliza.

Bi Mkubwa Tandika

Na wakili akikataa kuapa dhidi yake mwenyewe? Maana huyo hapo anajikaanga.

Joho Jeusi

Bi Mkubwa, swali zuri, na ndiyo maana nimesema mzee asimsubiri. Wakili muungwana ataapa, wengi wanaapa, si aibu. Akikataa, mzee abadilishe wakili na aape mwenyewe kwa yale anayoyajua kwa macho na masikio yake: alipigiwa simu tarehe fulani, aliambiwa hivi, ana ujumbe wa WhatsApp unaosema hivi. Ujumbe uwepo kama kiambatisho. Je upo?

Mtoto wa Rufiji

Upo! Umeandikwa "mzee usisumbuke kesho kutwa, tutaahirisha". Ngoja nimwambie asije akaufuta.

Mpemba wa Mjini

Nawakumbusha kwamba Zanzibar tuna sheria yetu ya mwenendo wa madai, msichukue namba za vifungu vya Bara mkaja navyo kwenye mahakama za huku. Mantiki inafanana, lakini vitabu ni viwili.

Shemeji Dodoma

Wakuu naomba niulize la upande wa pili. Mimi ni mdaiwa. Sijawahi kupata samansi yoyote. Nimerudi nyumbani nakuta dalali wa mahakama kabandika notisi getini, siku 14 nilipe milioni 19 la sivyo gari linauzwa. Kufuatilia, kumbe kuna hukumu ya upande mmoja ya miezi mingi nyuma. Jalada linasema nilikataa kupokea wito. Nilikuwa Songea kikazi kipindi chote hicho!

Joho Jeusi

Shemeji, wewe una mambo mawili kwa mpigo, na yote ni ya leo, si ya wiki ijayo.

Kwanza maombi ya kutengua hukumu ya upande mmoja, mahakama ile ile iliyoitoa. Siku ni 30, na kwako zimepita, kwa hiyo unatanguliza maombi ya kuongezewa muda chini ya kifungu cha 14 cha Sheria ya Ukomo. Eleza ulijua lini na jinsi ulivyojua. Kila siku kati ya kujua na kufungua maombi iwe na maelezo, mahakama zetu hazina mchezo na hilo tangu shauri la Lyamuya Construction na bodi ya wadhamini ya YWCA. Siku mbili ulikuwa unatafuta wakili, sema. Siku tatu ulikuwa unasubiri nakala, sema, na ambatanisha barua yenye mhuri wa kupokelewa.

Pili, pamoja na hayo, omba utekelezaji usimamishwe, vinginevyo utashinda maombi gari likiwa Tunduma.

Kuhusu samansi: omba kuona kiapo cha mpeleka wito. Kinatakiwa kioneshe alikwenda lini, wapi, alimkuta nani, na nani alishuhudia ukikataa. Mara nyingi wanataja mwenyekiti wa serikali ya mtaa au mjumbe. Nenda kamuulize mjumbe huyo. Kama hajui lolote, naye aape. Tiketi zako za Songea, hati ya safari ya kikazi, barua ya mwajiri, zote ziingie.

Kuna jambo jingine watu hawaliulizi: ulijulishwa tarehe ya hukumu? Kwenye shauri la Cosmas Construction dhidi ya Arrow Garments, lililochapwa kwenye ripoti za sheria za 1992, Mahakama ya Rufani ilisema asiyetokea anajinyima nafasi ya kushiriki usikilizwaji, lakini adhabu yake inaishia hapo. Bado ana haki ya kuitwa siku hukumu inaposomwa. Kama jalada halioneshi ulijulishwa, hoja hiyo iweke mbele kabisa.

Shemeji Dodoma

Duh. Sikuwahi kusikia hiyo. Naanza kesho.

Wakili Chipukizi

Kuongezea kwa Shemeji: wengine watakushauri ukate rufaa moja kwa moja, maana Sura ya 33 inaruhusu rufaa dhidi ya hukumu ya upande mmoja. Inaruhusu kweli. Lakini rufaa ni kwa ajili ya kusema "hata kwa ushahidi wake peke yake, mdai hakuthibitisha". Kama kilio chako ni "sikuitwa, sikusikilizwa", rudi mahakama ile ile kwanza. Nimeona watu wamepoteza miaka kwenye rufaa wakaambiwa mwishoni walianzia mlango usio wao.

Joho Jeusi

Sahihi kabisa Chipukizi.

Jua Kali Likoni

Nawasoma kutoka Mombasa. Huku kwetu Kenya mambo yako kwenye Amri ya 12 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za 2010, na tofauti hiyo hiyo ya nani alikuwepo tunayo. Wote wasipokuja, waweza kufungua upya au kuomba lirudishwe. Akija mdaiwa peke yake na likafutwa, shauri jipya hakuna. Mawakili wetu hadi leo hawakosi kuitaja kesi ya Shah dhidi ya Mbogo ya 1967: mahakama itumie hiari yake kumsaidia aliyekwama kwa ajali, kughafilika au kosa linalosameheka, wala isimsaidie anayekusudia kuzuia au kuchelewesha haki. Naona huko Tanzania mnaitumia pia.

Joho Jeusi

Karibu jirani. Tunaitumia, enzi zile rufaa zilikwenda mahakama moja ya Afrika Mashariki, na ndiyo sababu. Isitoshe Sura yetu ya 33 ni ya 1966 na imeigwa sana kutoka kwa sheria ya India ya 1908. Ndiyo maana hata mpangilio wa Amri ya 9 ukienda India unaukuta, na vitabu vya India vinauzwa kwa bei ya dhahabu kwenye maduka yetu ya sheria.

Fundi Seremala

Sasa mimi. Langu ni la kiwanja, liko Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Nilifika saa tano kwa sababu ya foleni, nikaambiwa limefutwa. Hizo siku 30 zinahusu na huko? Na foleni ni sababu?

Wakili Chipukizi

Baraza lina kanuni zake, Tangazo la Serikali namba 174 la 2003, kanuni ya 11. Mwombaji asipofika bila sababu nzuri, naye alijulishwa tarehe au alikuwepo ilipopangwa, baraza linafuta maombi. Mjibu maombi asipofika, linasikiliza upande mmoja kwa ushahidi wa mdomo. Asiyeridhika ana siku 30 kuomba amri itenguliwe, na baraza likikataa anakata rufaa Mahakama Kuu. Soma maneno "alijulishwa tarehe au alikuwepo ilipopangwa". Kama tarehe ilibadilishwa wewe hupo na hakuna aliyekutaarifu, hapo una hoja nzito.

Foleni... ndugu yangu. Kwa mtu wa Dar kusema foleni ni kama samaki kulalamikia maji. Peke yake haitoshi. Kama siku hiyo kulikuwa na lori limepinduka barabara imefungwa na una ushahidi, sawa. Vinginevyo tafuta kingine cha kweli.

Fundi Seremala

Kingine ni kwamba tarehe niliyopewa kwa mdomo ilikuwa nyingine kabisa. Nilikwenda siku hiyo kwa bahati tu, kufuatilia.

Wakili Chipukizi

Sasa hilo si ungelisema kwanza! Hiyo ndiyo sababu yako, foleni iache nyumbani. Omba mwenendo uone tarehe iliyoandikwa na kama jina lako lipo siku ilipopangwa.

Bi Mkubwa Tandika

Na mgonjwa je? Dada yangu alikuwa amelazwa, wakamwambia alete vyeti.

Karani Mstaafu

Ugonjwa unakubalika sana, ila karatasi lazima zisomeke. Fomu ya kulazwa, fomu ya kuruhusiwa, tarehe zikae sawa na tarehe ya shauri. Mtu analeta cheti cha kuumwa malaria tarehe 9, shauri lilikuwa tarehe 4. Hakimu naye anahesabu. Msiba vivyo hivyo: kibali cha mazishi au barua ya mtendaji wa kijiji inasaidia kuliko maneno matupu. Na mgonjwa akiwa na ndugu, ndugu afike siku hiyo hiyo aseme. Wala si lazima awe wakili ili kumwambia karani "mdai amelazwa, barua hii hapa".

Mfuatiliaji

Swali dogo. Kama shauri lilikuwa la kutajwa tu na si kusikilizwa, linaweza kufutwa?

Joho Jeusi

Hoja ipo na imewahi kukubaliwa: Amri ya 9 inazungumzia siku iliyopangwa kusikilizwa, na kutajwa si kusikilizwa. Lakini usiitegemee peke yake, maana kuna hatua nyingine zenye meno yake. Mdai asipofika kwenye usuluhishi bila sababu, Amri ya 8 inaruhusu shauri kufutwa, na mdaiwa asipofika utetezi wake unaondolewa. Watu wanadharau usuluhishi wakidhani ni maongezi ya chai. Wale wa ajira vilevile: kule CMA, Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini inampa msuluhishi uwezo wa kufuta lalamiko kama mlalamikaji hajatokea, au kuliamua kama mwajiri hajatokea.

Mtoto wa Rufiji

Mrejesho wakuu. Mzee alikwenda masijala, kaona jalada, kapewa nakala ya amri. Kwenye mwenendo kweli mahudhurio yake ya nyuma yote yameandikwa. Yule kijana kumbe aliingia kwa hakimu baada ya amri na hakimu kaandika mstari mmoja kwamba "wakili amefika baadaye akimshikia mwenzake". Wakili wetu baada ya kuoneshwa ule ujumbe wa WhatsApp amekuwa mpole ghafla, ameapa kiapo chake na ameambatanisha wito wa Mahakama Kuu. Maombi yameingizwa kwenye mfumo wa kielektroniki, namba ya malipo imetoka, ada imelipwa, siku 30 hazijafika. Upande wa mkandarasi umepewa muda wa kuleta kiapo kinzani.

Karani Mstaafu

Huo mstari mmoja wa hakimu uthamini sana. Hifadhini na risiti ya ada, inaonesha tarehe ya kufungua.

Mwanasheria wa Mtaani

Hongereni. Nakubali, uzi huu umenifundisha.

Mtoto wa Rufiji

Swali la mwisho wakuu. Ile amri ilisema mzee alipe gharama. Wakili wa mkandarasi ameshatuma ujumbe kwamba ataleta orodha ya gharama zake. Tunalipa huku tunasubiri maombi yetu?

Joho Jeusi

Ana siku 60 tangu amri kuwasilisha orodha hiyo kwa msajili au hakimu anayekadiria, kwa mujibu wa Amri ya Malipo ya Mawakili ya 2015. Akiwasilisha, msiipuuze, hudhurieni hapo pia, na mwambieni mkadiriaji kwamba kuna maombi ya marejesho yanasubiri ili aahirishe kukadiria. Amri ya kufuta ikitenguliwa, amri ya gharama iliyokuwa ndani yake inaanguka nayo. Ila jiandaeni: mahakama inaweza kulirejesha shauri kwa sharti kwamba mzee amlipe mwenzake gharama za siku ile aliyopotezewa. Mkipewa sharti hilo lipeni haraka, na risiti iingie kwenye jalada. Maombi yakikataliwa, amri ya kukataa inakatiwa rufaa chini ya Amri ya 40, kwa hiyo siku ya uamuzi ombeni nakala pale pale.

Na gharama za safari hii kaeni na wakili wenu mzungumze nani anazibeba.

Bi Mkubwa Tandika

Hapo kwenye kuzungumza na wakili ndipo uzi mwingine unapoanzia. 😂

Mtoto wa Rufiji

Baba mdogo kashaanza kuzungumza naye. Kamwambia tarehe ijayo waende pamoja, gari moja, kutoka nyumbani kwa wakili saa kumi na moja alfajiri.